Mama Kindi Alivyoshukuru Kabla ya Kupewa

Hadithi hii nilipewa na Bi Zawena, jirani yangu, aliyekuwa akinipikia uji nilipokuwa ndani siku arobaini za uzazi. Sogeeni, wanangu, nami niwape.

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na soko lao na leseni zao, Mama Kindi aliuza uji kwenye kizimba namba nane. Uji wa ulezi, mzito, wenye pilipili manga. Ndio uliolisha watoto wake.

Mama Kindi akajifungua. Siku arobaini hakutoka nje, kama ilivyo desturi. Siku ya arobaini na moja akambeba mtoto mgongoni, akaenda sokoni. Lo! Kizimbani amesimama Fisi, msimamizi wa soko, kashika kufuli kubwa.

"Kanuni inasema kizimba kikifungwa mwezi mzima, leseni inafutwa," akasema Fisi. "Chako kilifungwa. Sasa ni cha shemeji yangu, Ngiri."

"Lakini mzee, Bi Kanga alikuwa akiniuzia uji wangu humu kila siku! Muulize."

"Kanga ni shoga yako. Yeye simuulizi, na wewe sikusikilizi. Toa masufuria yako!"

Mama Kindi akatoa masufuria. Kacha! Kufuli likafungwa.

Wauzaji wengine wakainamisha vichwa. Nani amseme Fisi, halafu kesho afungiwe yeye?

Mama Kindi akafuta machozi. Mara akapiga vigelegele.

"Lililililili! Asante, Mzee Fisi! Jamani, njooni mumshukuru! Amekubali nisikilizwe kesho saa tatu, mbele ya wote!"

"Nani? Mimi?" Fisi akashangaa.

Lakini Mama Kindi alishafika kwenye nyanya za Kobe. "Mzee Fisi ana moyo!" Akaruka hadi kwenye mikeka ya Korongo. "Mzee Fisi anapenda haki!"

Kufika adhuhuri, soko zima lilikuwa likimpa Fisi mkono. Naye Fisi kwa sifa! Kifua kikamjaa.

Du! Du! Du! Akaja Mzee Tembo, mwenyekiti wa soko.

"Hongera, Fisi! Nimesikia. Kesho nitakuja kusikiliza mwenyewe."

Fisi akameza mate. "Eeh... ndiyo, mzee. Ndivyo nilivyo."

Siku ya pili, saa tatu, wote wakakusanyika. Fisi akakohoa. "Kizimba kilifungwa mwezi mzima. Hapakuuzwa hata tone la uji."

Mama Kindi alikuwa na haya. Akasema kwa sauti ndogo, "Wazee wangu, kabla sijajibu, pokeeni uji."

Akamimina. Fisi akapokea wa kwanza. Fyoo! Fyoo! Akakunja uso.

"Nisamehe, Mzee Fisi," akasema Mama Kindi. "Nimekaa ndani siku nyingi, mkono umesahau. Labda leo sijaupatia?"

"Hujaupatia kabisa! Pilipili manga iko wapi? Mwezi uliopita Kanga alikuwa akinipa hapahapa kizimbani, kila asubuhi, mabakuli mawili, mpaka pua inatoka jasho!"



"Ke-ke-ke-ke!" Bi Kanga akashindwa kujizuia.

Mzee Tembo akashusha bakuli lake polepole. "Kila asubuhi, Fisi? Kwenye kizimba kilichofungwa?"

"Mimi... yaani... ulikuwa uji mdogo tu, mzee."

"Mabakuli mawili!" akadakia Kobe, na soko zima likaangua kicheko.

"Fungua kufuli," akasema Tembo. "Tena tangu leo, mwenye leseni haondolewi kizimbani mpaka asikilizwe mbele ya wenzake. Hata awe mdogo kama sisimizi."

Kacha! Mama Kindi akapiga magoti, akashukuru mara ya pili, na safari hii kwa jambo alilokwisha kulipata.

Mnaona, wanangu? Anayekataa kuwasikiliza wadogo, mwisho huumbuliwa na mdomo wake mwenyewe.

Na Mama Kindi? Kesho yake asubuhi aliwahi kuliko wote. Akafagia kizimba, akabandika uji, akatia pilipili manga ya kutosha. Bakuli la kwanza hakuliuza. Alilifunika kwa kawa, akalibeba kwa mikono miwili, akampelekea Bi Kanga nyumbani kwake.