Mboga Hungoja Maharage

Mboga hungoja maharage. Mliisikia jana kikaoni, mkauliza imetoka wapi. Ilitoka jikoni kwa Tusekile, mjane wa hukuhuku Rungwe, na ilikuwa hivi.

Tusekile alikuwa na wana wawili, Asegelile na mdogo wake Ambakisye. Mashamba yao yalipakana. Siku moja Ambakisye, akisafisha mpaka, alikata mparachichi akidhani ni wake. Kumbe kaka yake aliupanda siku alipozaliwa binti yake wa kwanza. Ambakisye alikwenda kuomba radhi jioni ileile, kabla hata majani ya mti hayajanyauka. Akafungiwa mlango. Akarudi kesho yake, na keshokutwa. Mara ya tatu akatukanwa mbele ya watoto. Tangu hapo ndugu hao hawakusalimiana, na Tusekile akawa anakula sikukuu kwa zamu, mwaka huu kwa huyu, mwaka ujao kwa yule.

Mwaka wa tatu, mvua za masika zilipotoboa paa la jikoni, aliwaita wote wawili waje kuliziba. Hakumwambia yeyote kwamba mwenzake naye anakuja.

Ambakisye alitangulia. Alimkuta mama yake ameinjika chungu cha maharage makavu pamoja na mifupa ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi. Tusekile alipotoka kuchuma nyanya, kijana akaona asaidie: akatumbukiza majani yote ya maboga chunguni. Mama aliporudi, majani yamekuwa rojo jeusi, maharage bado magumu kama kokoto.

“Nani kakwambia utie mboga sasa?”

“Nilitaka tuwahi kula, mama.”

“Mboga ni laini, mwanangu, haina kazi. Kazi iko kwenye maharage. Mboga hungoja.”

Alikuwa akiyaopoa majani kwa upawa Asegelile alipotokea mlangoni, amelowa chapachapa. Alipomwona mdogo wake, akageuka aondoke. Ambakisye akainuka, radhi iko mdomoni. Tusekile akamshika mkono.

“Bado,” alimnong'oneza. Kisha akapaza sauti: “Asegelile, baba, mimi ndiye ninayenyeshewa humu.”

Asegelile akapanda juu ya paa. Walifanya kazi hadi alasiri, mmoja akigongelea, mwingine akimpa misumari. Walipomaliza, Asegelile aliketi karibu na moto akianika shati. Tusekile alikoroga chungu, lakini habari ya mti hakuigusa.

Mwishowe Asegelile mwenyewe akasema, macho yakiwa motoni, “Binti yangu ameniuliza kwa nini hatwendi kwa baba yake mdogo. Nimekosa jibu.”

Tusekile akachota harage moja, akalibonyeza kwa vidole. Likapondeka. Akatia majani mapya aliyochuma wao wakiwa juu ya paa, akamtazama Ambakisye.

“Sasa,” alisema.

“Kaka, nilikukosea,” akasema Ambakisye. Yalikuwa maneno yaleyale aliyofungiwa nayo mlango.

Asegelile aligeuza shati upande wa pili. Kisha akasogea kwenye benchi, akamwachia nafasi.

Walikula mchuzi ule mzito kwa ndizi za kuchemsha. Asegelile aliongeza bakuli la pili, Tusekile akamtilia huku akijifuta macho, akisingizia moshi.

Ambakisye alipofika kwake, mkewe alimuuliza imekuwaje leo shemeji akubali, ilhali radhi aliyoombwa ni ileile ya zamani. Akamjibu, “Mboga hungoja maharage.”