Theluthi ya Senkondo

Kupunguza kijiko si kupunguza chupa. Mmeisikia leo dukani, wajukuu zangu, mkacheka, mkaniuliza ni chupa gani hiyo. Kaeni niwaambie ilikozaliwa.

Huku kwetu Upareni, juu milimani, kulikuwa na mtu aliyeitwa Senkondo, mtoa dawa wa kituo cha afya. Alikuwa mpole, hata wagonjwa walipomfokea. Hapo kituoni alikuwapo pia dereva wa gari la wagonjwa, Elifuraha, aliyetaka kununua mashine ya kusaga nafaka. Chama cha watumishi cha kuweka na kukopa kilikubali kumkopesha, mradi apate mdhamini mwenye mshahara.

Senkondo alitia sahihi akiwa amesimama. Msimlaumu. Sisi tumelelewa kwenye msaragambo: jirani akiwa na mfereji wa kuchimba, unakwenda na jembe lako, jua likipanda mnakula kande, mnarudi nyumbani, kazi imekwisha. Alidhani kudhamini nako ni kumsaidia mwenzio kwa asubuhi moja. Mstari uliosema kwamba mkopaji akishindwa, mshahara wa mdhamini utakatwa mpaka deni liishe, hakuusoma.

Mwaka wa pili Elifuraha alipatwa na kiharusi. Upande mmoja ukafa, ulimi ukawa mzito, kazi ikakoma, mashine ikauzwa kwa ajili ya matibabu. Mwezi uliofuata chama kikaanza kumkata Senkondo mshahara, tena karibu wote. Alibakiwa na fedha isiyofika hata moja ya tano ya mshahara wake. Mke wa Elifuraha, Nakijwa, hakuwa na cha kulipa. Lakini kila Jumamosi alipanda kilima na chane mbili za ndizi, akaziweka mlangoni kwa Senkondo, akaondoka bila kupiga hodi, kwa aibu.

Sasa, Senkondo alikuwa na binti mkubwa, Namsifu, aliyekuwa amepata nafasi katika chuo cha uuguzi. Ada haikuwapo tena. Mkuu wa chuo alimhurumia, akakubali kumtunzia nafasi yake miaka miwili, kwa kuwa deni lingeisha baada ya miaka miwili. Namsifu akaanza kungoja. Ila nyumbani kulikuwa na wadogo zake wanne, na ndizi za Jumamosi zilitosha mpaka Jumatatu tu. Yule mdogo kabisa akaanza kuvimba miguu kwa njaa.

Ndipo mtu akamwambia Senkondo kwamba sheria hairuhusu mtumishi akatwe hadi abakiwe na chini ya theluthi ya mshahara wake, hata kama deni ni halali. Baba na binti wakashuka mjini Same kwa afisa wa kazi. Alikuwa mama wa makamo. Alipoona midomo ya Namsifu imekauka, alimsogezea kikombe chake mwenyewe cha chai. Alisoma karatasi za mshahara za miezi mitatu, akasema chama kimekosea, na kwamba ataandika barua siku hiyo hiyo wamwachie theluthi yake. Senkondo alimshukuru kwa mikono miwili.

Namsifu akauliza, "Na kile ambacho hawatakata, Mama, kinafutwa?"

"Hakifutwi, mwanangu. Kinasogezwa mbele."

"Mpaka lini?"

Yule mama alipiga hesabu, akairudia, kama mtu anayetafuta kosa lake mwenyewe. "Badala ya miaka miwili, mitatu. Pamoja na riba."

Senkondo akasema, "Kina mama huniambia dirishani, dawa hii kali, baba, mpunguzie mtoto kijiko. Nami huwajibu kila siku kwamba kupunguza kijiko si kupunguza chupa. Leo nimekuja mwenyewe kuomba kijiko kidogo."

"Siwezi kukulazimisha kulalamika," afisa alisema. "Niandike, au nisiandike?"

Senkondo alimtazama binti yake. Namsifu ndiye aliyejibu.

"Andika, Mama. Wadogo zangu hawawezi kungoja miaka miwili ndipo wale."

"Na nafasi yako?" baba yake akauliza.

"Nafasi ni kitanda na dawati tu, Baba. Atapewa mwingine."

Barua ikaandikwa, na chama kikaitii. Theluthi ikaanza kuingia. Miguu ya mtoto ikanywea, moshi ukaonekana jikoni mchana. Miaka miwili ilipotimia, nafasi ya Namsifu akapewa mwingine, kama alivyosema. Yeye akapata kibarua cha kufua mashuka pale pale kituoni. Elifuraha akafa. Deni halikufa naye. Siku mshahara mzima uliporudi, Senkondo aliuleta nyumbani, akamwekea Namsifu mapajani, akamwambia aandike upya chuoni. Namsifu aliandika. Wakamjibu kwa adabu kwamba umri wake umepita.

Sheria haikumdhulumu Senkondo, wajukuu zangu. Ilimwachia theluthi yake, na theluthi ile iliokoa mtoto. Lakini tangu hapo, watu wa kituo wakimsikia mtu akifurahi kwamba deni lake limesogezwa mbele, walikuwa wakiangalia kule uani, kwenye kamba ya mashuka, na kusema kwa sauti ya chini: kupunguza kijiko si kupunguza chupa.