Wigi la Kuazima Ubalozini

Wapendwa, kaeni vizuri, leo nawapeleka ubalozini!

Kulikuwa na mama mmoja mjane, muuza vitumbua. Mwanawe wa pekee alikuwa Kanada, na baada ya miaka mingi akamdhamini mama yake ili akaishi naye huko moja kwa moja. Siku alipoitwa kwenye usaili, huyo mama nusura apindue karai la mafuta! "Namwona mwanangu! Nambeba mjukuu wangu!" Mtaa mzima ukasikia.

Na mtaa mnaujua. Mashoga zake wakaja mbio. "Shoga, uende na kanga hiyo? Watakuona ombaomba, wakunyime!" Huyu akaleta wigi, yule hereni za dhahabu, mwingine miwani na mkoba. Wakampaka poda wee, mpaka akang'aa. Mama akajitazama kwenye kioo, akacheka kwa furaha.

Pale dirishani ubalozini, ofisa akatazama picha aliyoituma kijana, akamtazama mama, akarudi kwenye picha.

"Mama, mwenyewe yuko wapi?"

"Mwenyewe nani?"

"Mama wa kijana huyu. Hapa namwona amejitanda kanga, ana kovu la moto shavuni. Wewe ni nani?"

Mama akaona mjukuu anampotea hivi hivi. Jamani, mtu afike mpaka pale, akwamishwe na wigi la jirani? Akalivua! Hereni chini, miwani chini. Akachomoa kanga yake mkobani, akajitanda, akaifuta poda kwa ncha ya kanga mpaka likatokeza kovu la mafuta ya vitumbua, vitumbua vilivyomsomesha yule kijana.

"Ni mimi, mwanangu! Ndiye mimi!"

Ofisa akacheka. "Haya, sasa ndiye. Huyu ndiye aliyeombewa. Karibu, mama."

Na sisi je? Tumeitwa kwenye makao ya kudumu, na aliyetudhamini anatujua tangu tumboni. Lakini tazameni tunavyokwenda mbele zake! Sauti ya kuazima, machozi ya kuazima, tabasamu la Jumapili. Tunalipaka poda kovu lile lile analotutambua kwalo! Wewe uliyejibanza nyuma hapo, unamficha nani? Mungu hakumdhamini yule wa kwenye kioo. Amekudhamini wewe!

Haya, tusimame tuombe, na kila mtu avue wigi lake. La moyoni, mama zangu, la moyoni! Hayo ya kichwani bakini nayo.