Nyamizi na Neno Lililotoka Kitini

Nyamazeni, enyi wana wa Usolwe, na mwenye kikohozi akakohoe nje, kwa maana jina nitakalolitaja halitajwi katikati ya kelele. Zamani zile watemi walipotawala milima ya chuma, kabla babu wa babu zetu hawajapewa majina, alizaliwa Nyamizi binti Kalekwa, Kalekwa binti Ngolelwa, wa ukoo wa wafua chuma. Nyamizi Mvukuto Usiochoka, Nyamizi Mlipa Kisasi Mchana Kweupe, mama wa sheria yetu.

Wahenga wetu hawakufikiri wakiwa wamekaa bure. Penye tanuri ndipo palipokuwa chuo chao: chuma kikiyeyushwa, wenye akili wa nchi nzima walikusanyika wakabishana juu ya haki na mauti na asili ya vitu, na desturi ilikuwa kwamba anayesema ndiye anayevukuta moto, mkono ukichoka na mdomo ufungwe. Ndiyo maana hawakuwa na porojo; kila neno lilitoka na jasho lake. Na katika wote hao hapakuwa na aliyemshinda Kalekwa kwa hoja.

Siku moja Kalekwa, mikono ikiwa kwenye mivukuto, alitamka: "Mtu asihukumiwe kwa neno lake mpaka anayemhukumu alirudie, na msemaji akiri kuwa ndivyo alivyosema. Na atakayemwua mtu kwa neno ambalo mtu huyo hakulisema, hata akiwa mtemi, atalipa kwa damu yake."

Neno hilo lilifika ikulu likiwa zima, hata pumzi zake, kwa Mtemi Lugoye, Lugoye Sikio la Nchi. Akamwita Kalekwa mbele ya watu, akatangaza kwamba mwanamke huyo amewaagiza raia wamwue mtemi wao. Kalekwa akasema, "Mtemi wangu, rudia nilivyosema." Lugoye akacheka, na wenye vyeo wakacheka kwa kuwa yeye amecheka, na Kalekwa akasukumwa kutoka juu ya jabali mbele ya macho ya binti yake. Nyamizi alikuwa mdogo bado, lakini hakulia.

Akaihama nchi. Alikwenda kutoka tanuri hadi tanuri, katika nchi za watu wasioijua lugha yake, akavukuta, akabishana, akashindwa, akajifunza kwa hao hao waliomshinda, mpaka ikawa hakuna mfua chuma aliyethubutu kubishana naye kabla hajala akashiba. Chuki yake aliilea kama mtoto mgonjwa, haikupita siku bila kuitazama. Wenye hekima wa huko walimsihi asamehe. Akawajibu, "Aliyedhulumiwa ni mama yangu. Nendeni chini ya jabali mkamwombe yeye."

Basi sikilizeni ujanja wake. Usolwe ilikuwa na desturi mbili za kiti. Ya kwanza, neno lolote alitamkalo mtemi akiwa kitini ni sheria, wala yeye mwenyewe hawezi kulifuta. Ya pili, mtemi akisahau, utemi umemtoka, kwa maana kumbukumbu ya nchi ilikaa kichwani mwake, na kichwa kinachovuja hakivikwi kilemba. Watu walizijua desturi hizo tangu utotoni, kila moja peke yake. Ni Nyamizi aliyezifunga pamoja.

Siku ya mavuno, nchi yote ikiwa uwanjani pa ikulu, alirudi, akapita katikati ya watu akasimama mbele ya Lugoye, ambaye sasa alikuwa mzee wa ndevu nyeupe, akasema kwa sauti ya mtu aliyezoea kushindana na ngurumo ya moto: "Mtemi amesahau."

Watu wakashika vinywa, maana anayemshitaki mtemi hivyo kwa uongo huuawa palepale.

"Nimesahau nini?" aliuliza Lugoye.

"Maneno ya Kalekwa. Siku ile alikuomba uyarudie, hukuweza. Na leo huwezi."

Lugoye angeweza kushuka kitini kwanza. Angeweza kusema hayo ni maneno ya mfu, yamelala na mwenyewe. Lakini Sikio la Nchi kuambiwa halisikii, tena mbele ya nchi! Aliinama mbele akayarudia yote, neno kwa neno, hata mahali Kalekwa alipovuta pumzi, na alipomaliza alitabasamu. Kisha tabasamu likamkauka usoni.

Wazee wa kiti, walinzi wa desturi zake, wakainuka. "Neno limetoka kitini," wakasema. "Ni sheria, nayo yadai damu ya aliyemwua Kalekwa kwa neno asilolisema."

Nyamizi akainua rungu alilokuja nalo. Wazee wakamzuia. "Sheria ya mama yako inakufunga na wewe. Mrudishie neno lake kwanza, naye akiri."

Lugoye, mjanja hata ukingoni mwa kaburi, akaona upenyo. "Nilimwua kwa ajili ya amani ya nchi," akasema. Nyamizi akarudia. "Sivyo," akasema Lugoye. Nyamizi akarudia kwa namna nyingine. "Sivyo, mwanangu, hujanielewa." Jua likapanda, likaanza kushuka, na kila alichorudishiwa alikikataa, kwa kuwa lile "sivyo" ndilo lililokuwa uhai wake, na ghadhabu ikampanda Nyamizi.

Ndipo akafanya jambo lililomshinda kuliko safari zake zote. Aliliweka rungu chini, akakaa mavumbini mbele ya adui yake, akaacha kutafuta alichosema mtu huyo, akatafuta alichoogopa kukisema.

"Unasema hivi," akatamka polepole. "Hakuna aliyekudanganya. Ulimwelewa mama yangu kuliko wote waliokuwa penye tanuri. Uliona amesema kweli, na kwamba kweli hiyo ikisimama, mtemi ni mtu kama watu. Ukamwua. Na tangu siku ile hujapata mtu wa kuzungumza naye."

Mtu aliyeficha jambo miaka mingi, akilisikia kinywani mwa mwingine, huliitikia kabla hajajizuia. "Ndivyo," akasema Lugoye, huku machozi yakimtoka.

Nyamizi akainuka, akaokota rungu, akampiga, mara moja tu. Mnaonung'unika huko nyuma nawasikia. Mnataka niseme alimhurumia. Hakumhurumia, na mimi ninayesimulia nafurahi mpaka leo. Asiyependa akasimuliwe na mwingine.

Watu wakashangilia, wakamletea kiti cha utemi. Akakikataa, akasema: "Nimemwelewa mtu huyu kama nilivyomwelewa mama yangu, na bado nimemwua, na angefufuka ningemwua tena. Mkono wa namna hii msiupe nchi." Akakitia kiti tanurini, akavukuta mwenyewe mpaka kikawa majivu, kisha akashika njia ya machweo. Alifia wapi, alizikwa na nani, hakuna ajuaye.

Tangu hapo hatuna mtemi. Mambo yetu tunayaamua penye moto, na hakuna anayemjibu mwenzake kabla ya kumrudishia neno lake. Naye aliyeumizwa, hata haki yake iwe wazi namna gani, akishamsikia mkosaji wake amesema "ndivyo", huinuka akaondoka, na hukumu hukatwa na wengine. Huondoka kwa upande wa machweo, na watu humpisha njia, na hakuna amsemeshaye.