Kandili ya Mnara na Pilipili za Jirani

Leo nawapeleka mbali kidogo, waumini wenzangu, mtanivumilia. Huko Balkani, kusini-mashariki mwa Ulaya, kuna milima ambako Waislamu wameishi karne nyingi ukuta kwa ukuta na Wakristo. Katika kijiji kimoja cha huko alikuwepo mzee mmoja, mwadhini. Vijana walikuwa wamehamia Ujerumani mmoja mmoja, mpaka zikabaki nyumba nne tu za Waislamu. Nyingine zote zilikuwa za Wakristo.

Sauti ya mzee ilikuwa imekwisha, adhana yake haivuki hata barabara. Ndiyo maana alishikilia desturi ya wazee wake: kila Magharibi ya Ramadhani hupanda ngazi tisini za mnara na kuwasha kandili, watu waone kuwa jua limekuchwa, wafuturu. Ngazi tisini, kwa magoti yale. Nyie mnaolalamikia ngazi tatu za mlango huu, mnanisikia?

Sasa, Ramadhani moja iliangukia vuli, msimu ambao kijiji kizima huchoma pilipili hoho nyekundu na kuzitia chupani ziwe akiba ya majira ya baridi. Jioni moja mzee akaketi chini ya mnara, akautazama. "Nyumba nne," akajiambia, "na zote zina saa ukutani. Nampandia nani?" Neno hilo lilimuuma mwenyewe, maana alikuwa mpweke. Jua likazama, hakupanda. Akala tende zake, akaswali, akarudi nyumbani.

Hajakaa vizuri, mlango ukagongwa. Alikuwa mama jirani, mjane wa Kikristo wa upande wa pili wa ukuta, amejaa wasiwasi.

"Jirani, kuna msiba?"

"Msiba wa nani, mama?"

"Mbona kandili haijawaka? Nimekaa na beseni la pilipili tangu alasiri. Makaa yamekolea, yamefifia, nimeongeza, yanafifia tena."

Mzee hakuelewa. "Lakini wewe hufungi. Si ungechoma tu?"

"Nichome, harufu iruke ukuta ije ikutese na wewe una njaa? Mama yangu hakunilea hivyo. Upande wetu wote hatuchomi mpaka taa yako iwake. Kwani ulikuwa hujui?"

Alikuwa hajui. Katika miaka arobaini, kila Ramadhani ilipoangukia vuli, alidhani watu huchoma pilipili jioni kwa sababu joto limepungua.

"Mimi nimeshafuturu," mzee akasema, akatafuta viatu vyake. "Pumzika," mama yule akamwambia, "mimi nimeshajua kuwa umefuturu."

"Wengine hawajajua," akajibu.

Akapanda ngazi zote tisini, huku akiguna na kutabasamu, na moyo wake ulikuwa mweupe. Kandili ikawaka. Chini yake, ua baada ya ua, moshi wa pilipili ukaanza kupanda. Taa ya kufuturia, ndugu zangu, iliwashwa kwa ajili ya watu wasiofunga.

Haya, tuje kwetu. Sisi tumezoea kuhesabu safu zilizomo humu ndani. Tukiona ni chache tunalegea, tunasema nani ataona. Kumbe yuko mtu huko nje, wala si wa dini yetu, aliyepanga jioni yake kwa kuheshimu ibada yetu, na hajawahi kutusimanga kwa hilo. Na sisi je? Jirani akiwa kwenye Kwaresima, tunajua, au tunamchomea mishikaki chini ya dirisha? Akiwa na mgonjwa ndani, redio zetu tunazipunguza?

Tukitoka hapa, kabla hujaingia kwako, piga hodi kwa jirani. Usimhubirie. Muulize swali moja tu: ni jambo gani umekuwa ukinivumilia miaka yote hii? Kisha nyamaza, umsikilize mpaka amalize.