Mgeni wa Siku Saba

Mnaniuliza kwa nini kile kitoto cha jirani kina siku nne na bado kinaitwa Mgeni tu, kana kwamba wazazi wake wameishiwa majina. Tulieni. Sababu ipo, na sababu yenyewe ina miguu.

Zamani hizo mtoto alipewa jina kabla machozi yake ya kwanza hayajakauka. Aliyewahi kusema ndiye aliyeshinda, na maana ya jina kila mtu aliijua kwa kubahatisha.

Basi alikuwako Bi Masika, mkali kuliko pilipili kichaa. Alizaa wanne, akazika watatu, akabakiwa na Shomari peke yake. Zamda, mke wa Shomari, alipojifungua mtoto wa kike, aliomba aitwe Sikudhani, jina la marehemu mama yake.

"Sikudhani!" Bi Masika akashika kiuno. "Yaani mtoto asiyetarajiwa! Jina huumba, mwanangu. Mjukuu wangu hataitwa mkosi."

Zamda akalia. "Mama, kwetu nilizaliwa peke yangu. Mwanangu asipolichukua jina hilo, mama yangu atakuwa amekufa mara ya pili."

Kilio kile kilimchoma Bi Masika, ila kushindwa hakukuzoea. "Nitakwenda kwenu Kirindo nikaulize. Maana yake ikiwa mbaya, utanyamaza. Ikiwa njema, nitanyamaza mimi, ingawa sijui kunyamaza. Mpaka nirudi, huyu ni mgeni tu." Akafunga kibwebwe, akaondoka asubuhi ileile.

Alitembea siku tatu. Siku ya nne aliuliza Kirindo nzima. Mchunga ng'ombe alisema jina hilo ni la mashetani. Msuka mikeka alisema ni la mtoto wa nje ya ndoa. Kila mmoja alijua, na hakuna hata mmoja aliyekuwepo jina lilipotolewa. Bi Masika alifurahi, maana alikuwa anashinda. Lakini alikuwa mtu wa haki, na moyo ulimkataza kurudi na maneno ya kuokota.

"Aliyekuwepo ni nani?" akauliza.

Wakampeleka kwa Bi Nangale, mkunga aliyempokea marehemu mama yake Zamda siku ya kuzaliwa kwake, sasa hata macho hayaoni.

"Jina hilo mmelikata mkia," mkunga akacheka. "Mama yake alikwishazika watano. Huyu wa sita alipolia, akasema, 'Sikudhani nitasikia tena sauti ya mtoto nyumbani mwangu.' Sasa nani ataita yote hayo akimtuma mtoto maji? Likabaki neno la kwanza."

Bi Masika alikaa chini. Aliwakumbuka watatu wake, akalia bila kujificha, kisha akaikumbuka sauti ya yule mgeni, akajifuta uso na kushika njia.

Siku ya saba aliingia nyumbani miguu imevimba. Hakuomba hata maji. Alimchukua mtoto, akamsemea sikioni maneno yote, tangu mwanzo hadi mwisho, kwa maana sasa yalikuwa maneno yake mwenyewe. Zamda akapiga kigelegele pale pale kitandani.

Na tangu siku hiyo mtoto hungoja siku saba: tatu za kwenda, moja ya kuuliza, tatu za kurudi. Kwa hiyo msimcheke Mgeni wa jirani. Jina lake lipo. Yuko mtu njiani, anakuja nalo zima.