Sahani Tatu za Pimbi

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa mwamba, na juu ya mwamba nani?

Pimbi!

Ana mkia?

Hana!

Basi tulieni niwape kisa chake.

Hapo zamani za kale Pimbi aliishi na mkewe na watoto wao katika nyufa za mwamba mkubwa. Chini ya mwamba palikuwa na chemchemi, na wanyama wote wa kilima kile walikunywa hapo.

Siku moja Ngiri akaja na nyundo na sululu, akaanza kupasua mawe huku akiimba:

"Gonga mwamba, gonga! Kibali ninacho, gonga!"

Mawe yakaporomoka. Chemchemi ikageuka tope. Ufa mpya ukapita hapohapo walipolala watoto wa Pimbi.

Pimbi akaenda kwa Hakimu Twiga. "Mheshimiwa, nyumba yangu inabomoka."

Ngiri akatoa kibali. Twiga akainamisha shingo, akasoma. "Kibali anacho. Nenda nyumbani."

Pimbi akarudi mara ya pili na kibuyu cha tope. "Mheshimiwa, haya ndiyo maji tunayokunywa."

Ngiri akatoa karatasi nyingine. "Sheria inataka wakazi thelathini wakubali. Hizi hapa nyayo zao thelathini, wamezipiga kwa wino."

Pimbi akachungulia, masikio yakawaka moto. Karatasi ile aliijua! Kabla ya kuanza kupasua mawe, Ngiri aliwaita wanyama mkutanoni akasema hiyo ni orodha ya chakula: piga unyayo, pokea wali wa kunde. Pimbi akapiga, akala. Akazunguka kichaka, akapiga tena, akala. Akazunguka tena.

Msimcheke sana. Mimi mwenyewe niliwahi kutia saini kwenye mkutano nisioujua kwa ajili ya soda moja, tena ya moto.

"Una la kusema?" Twiga akauliza.

"Sina," Pimbi akajibu, akaenda zake.

Alipofika nyumbani, jiwe likaanguka, likamkosa mwanawe mdogo kwa kidole kimoja. Pimbi akamvuta mtoto kando. Akajiambia, "Aibu haijapata kuua mtu. Jiwe linaua."

Akarudi mara ya tatu na kibuyu chake kilekile. Mbele ya wanyama wote akasema, "Mheshimiwa, mimi ni mlafi. Unyayo huu ni wangu. Na huu ni wangu. Na ule pale pia ni wangu. Nilikula sahani tatu."

"Mwongo!" Ngiri akafoka.

Pimbi akamwaga tope la chemchemi chini, akalikanyaga. Unyayo ukatokea na ukucha wake wa kati uliovunjika. Twiga akalinganisha: mmoja, wa pili, wa tatu.

Mkewe akasimama. "Mume wangu! Sahani tatu, na mimi ukaniletea ukoko!"

Baraza zima likaangua kicheko, na kicheko kikawafungua wengine vinywa.

"Mimi nilikula mbili," akasema Nguchiro.

"Mimi nne," akasema Nungunungu. "Nilidhani mjanja ni mimi peke yangu."

Twiga akahesabu upya. Wakazi walikuwa kumi na mmoja tu, na hakuna hata mmoja aliyeulizwa habari za mwamba.

"Kibali kimefutwa," akasema. "Nawe Ngiri, utafukia shimo lako kwa pua, tena umepiga magoti."

Ndiyo maana mpaka leo Ngiri hupiga magoti akichimba.

Na Pimbi? Angali juu ya mwamba wake. Akiitwa mkutanoni, hutaka kwanza asomewe karatasi, ndipo apokee sahani. Akirudi nyumbani, mkewe humwuliza neno moja tu: "Ngapi?"

Funzo ni hili, jamaa zangu: usipige unyayo kwenye karatasi usiyoijua kwa sababu chakula kinanukia. Na kama umekwisha kupiga, jitokeze useme, maana mficha uchi hazai.

Kisa changu kimefika ukingoni. Kikiwa kitamu, gawaneni. Kikiwa kichungu, nirudishieni mwenyewe. Mimi unyayo nimeshapiga, nangoja sahani yangu.